Je, wajua ni nani aliyempangia mtu-mbwamwitu sheria zake?

Muulize yeyote apendaye filamu za kutisha: binadamu anayegeuka mbwamwitu hugeuka lini? Atakujibu papo hapo kwamba ni usiku wa mwezi mpevu. Anauawa kwa nini? Kwa madini ya fedha. Wengi tunadhani majibu hayo yamerithiwa kutoka kwa wazee wa Ulaya, kumbe aliyeyakaza yakawa sheria ni mwandishi wa skripti, Curt Siodmak, ambaye ni wachache wanaolijua jina lake.

Zamani mwezi haukuwa na uzito huo. Peter Stumpp, aliyeuawa Ujerumani mwaka 1589, alidaiwa kugeuka kwa kuvaa mshipi aliopewa na shetani. Wengine walisemekana kujipaka mafuta ya kichawi au kujivika ngozi ya mnyama. Yaani mtu aligeuka kwa kutaka mwenyewe.

Hapo ndipo Siodmak alipopindua mambo. Katika filamu aliyoiandika, The Wolf Man ya mwaka 1941, mhusika mkuu Larry Talbot anakimbia kumwokoa msichana anayeshambuliwa na mbwamwitu. Anamuua mnyama kwa bakora yenye kichwa cha fedha, lakini ameshang'atwa. Tangu hapo anageuka bila hiari, na mwishowe baba yake mzazi anampiga kwa bakora ileile mpaka anakufa, asijue anayempiga ni mwanawe. Kwangu mimi, huzuni ya filamu nzima imo katika bakora hiyo.

Siodmak aliyajua ya kugeukwa na dunia. Alizaliwa Dresden mwaka 1902 katika familia ya Kiyahudi, akaikimbia Ujerumani mwaka 1933 Wanazi waliposhika madaraka, akapitia Uingereza hadi Marekani. Ndani ya filamu, mtu-mbwamwitu huona nyota kwenye kiganja cha mtu atakayeuawa naye. Mwaka huohuo wa 1941, Wayahudi wa Ujerumani walilazimishwa kushonewa nyota ya njano kwenye nguo. Siwezi kuitazama ile ya kiganjani bila kuikumbuka hii.

Na mwezi je? Filamu nyingine ya mwaka 1935 ilikwisha kuutumia, ila haikuvuma hivyo. Siodmak alitunga ubeti wa mistari minne kwamba hata mwenye moyo safi, anayesali kila usiku, aweza kuwa mbwamwitu mmea fulani wenye sumu unapochanua na mwezi wa vuli unapong'aa. Ubeti ulipendeza kiasi kwamba wengi waliudhania wa mapokeo. Angalia lakini: ni mwezi wa vuli, si mpevu. Mwaka 1943 aliandika filamu ya kufuatia, na mstari wa mwisho ukabadilishwa: sasa mwezi umejaa. Filamu inaanza na wezi wawili wakifungua jeneza la Talbot usiku. Mwanga wa mwezi unaingia dirishani, unamwangukia maiti usoni, na mkono unainuka taratibu kumshika mwizi.