Ushindi uliotenguliwa hauendi kwa mtu

Juzi nilikuwa kwa kinyozi, kichwa kimeinamishwa, mashine iko kisogoni, na redio ya pale kwenye rafu ikawa inazungumzia michezo ya vyuo vikuu vya Marekani. Mtangazaji akasema, kwa sauti ya mtu mwenye hakika, kwamba chuo cha Louisville kilipokonywa ubingwa wa mpira wa kikapu wa 2013, na Michigan, waliokuwa wamefungwa fainali, wakakabidhiwa. Kijana aliyekuwa kwenye benchi akingoja zamu akaguna, "Haki yao." Nilitaka kumjibu, lakini mtu mwenye mashine kisogoni hajibu kitu. Ni mara ya tatu nasikia jambo hilo hilo kutoka kwa watu watatu tofauti, na sasa hivi nimeshanyolewa, kwa hiyo najibu: ubingwa ulitenguliwa, ila Michigan hawakukabidhiwa.

Maana ya kutengua ushindi ni fupi. NCAA ni chama kinachosimamia michezo ya vyuo vikuu Marekani. Kikigundua kwamba timu ilichezesha mtu asiyestahili (amelipwa kwa siri, amefanyiwa mtihani, amepewa zawadi na mfadhili wa timu), kinaweza kuitoza timu faini, kuipunguzia nafasi za ufadhili wa masomo au kuifungia mashindano. Kinaweza pia kurudi nyuma kwenye vitabu na kuuondoa ushindi uliokwishapatikana miaka mingi iliyopita. Mechi zilichezwa na watu walilipa viingilio, ila chuo hakiruhusiwi tena kuuhesabu ushindi huo wala kujitangazia, na kocha naye anapunguziwa idadi. Basi, hiyo ndiyo maana. Mashindano yetu ya shule yana neno tamu kwa mchezaji wa namna hiyo, mamluki, na mtu aliyewahi kuona kidato cha pili mwenye ndevu hahitaji maelezo zaidi.

Kinachowapoteza watu ni swali la nani alipewa. Sisi tumelelewa na pointi za mezani. Timu inafungwa Jumamosi, Jumatatu viongozi wake wanapeleka malalamiko kwamba fulani alicheza akiwa na kadi tatu za njano, inakaa kamati ya saa 72, na ghafla aliyefungwa ana pointi tatu na mabao matatu. Mwaka 2017 Simba walipewa hivyo pointi za Kagera Sugar, kisha kamati nyingine ikazirudisha, na mji mzima ukageuka wanasheria. Mwaka 2011 TP Mazembe ya Lubumbashi, bingwa mtetezi wa Afrika, iliitoa Simba uwanjani, halafu ikaondolewa mashindanoni kwa usajili wa mchezaji mmoja. Simba wakafufuliwa, wakapelekwa Cairo kucheza na Wydad, wakafungwa. Kwa mtu aliyekulia kwenye visa hivyo, kufungwa ni jambo la muda tu, mpaka ofisi zifunguliwe.

Wamarekani nao wanayo mezani yao, na zamani waliitumia zaidi. Alabama, timu ya mpira wa Kimarekani ule wa kofia ngumu, ilikutwa kwamba msimu wa 1993 ilichezesha mtu aliyekwishasaini na wakala. Ushindi wa mechi nane na sare moja vikageuzwa kuwa vipigo. Hiyo ni mezani, tena ya wazi. Lakini adhabu inayotajwa kila vikitajwa vyuo vya Louisville, Memphis au Penn State ni nyingine. Mshindi anaondolewa kwenye kiti, kiti kinabaki kitupu, na aliyefungwa anabaki amefungwa.

Neno lao ni "vacate", kutoka Kilatini vacare, kuwa tupu. Ukoo huo ndio uliozaa neno lao la chumba kisicho na mpangaji na neno lao la likizo, siku ambazo dawati la mtu liko wazi. Mahakama zao zinalitumia pia: hukumu ikifanyiwa hivyo, imeondolewa nguvu, na hakuna nyingine iliyokaa mahali pake. Utupu umo ndani ya neno tangu mwanzo, na utupu huo ndio unaopotea tukilivusha kuja kwetu kwa haraka.

Tazama tunachokifanya. Tunasema "walipokonywa". Kupokonya kunataka mikono miwili, mmoja unashika na mwingine unavuta. Mtoto akipokonywa andazi, andazi lipo, liko mkononi mwa mtu, na usipoangalia limeshaumwa. Rita Jeptoo wa Kenya alipotiwa hatiani kwa dawa, ubingwa wa mbio za Boston wa 2014 ulitoka kwake ukaenda kwa Buzunesh Deba wa Ethiopia. Pale "alipokonywa" inakaa sawasawa. Wengine wanasema "ulifutwa". Bora kidogo, ila kufuta kunaacha ubao mtupu pande zote, na hapa upande wa aliyefungwa chaki bado inasomeka. Wenye Kiarabu chao wanasema "ulibatilishwa", na hapo nasitasita, maana neno ni zuri. Tatizo ni kwamba tumeshalizoesha kuja na marudio. Mahakama ya Juu ya Kenya ilibatilisha uchaguzi wa rais tarehe 1 Septemba 2017, na Oktoba watu wakarudi kwenye foleni. NCAA hairudishi mtu uwanjani.

Mimi nasimama na kutengua. Lina ile "u" ya kugeuza mambo tuliyoizoea kwenye funga na fungua, tega na tegua, panga na pangua, na masikioni mwangu tengua inabomoa kile ambacho tengeneza ilikisimamisha. Watanzania tunalisikia kila wiki: uteuzi wa fulani umetenguliwa. Taarifa inaishia hapo. Ofisi ina kiti, kiti hakina mtu, na atakayekuja ni habari ya taarifa nyingine.

Lakini anayelijua neno hili vizuri kuliko wote ni mtu aliyefundishwa chuoni, nikimaanisha chuo cha mwalimu na mkeka. Udhu unatenguka. Mtu akisali, akatoa salamu, kisha akakumbuka kwamba alisimama hana udhu, sala ile haikuwa sala. Aliinama, aliinuka, goti lilimuuma, waliomzunguka walimwona, lakini haihesabiki. Na jirani yake wa safu haongezewi rakaa kwa sababu ya msiba huo. NCAA inasema karibu jambo hilo hilo: mlicheza, tuliwaona, ila mlisimama bila udhu. Tofauti ni kwamba mwenye kusali anatakiwa airudie sala yake, na timu haipewi nafasi hiyo.

Hesabu zinazotoka hapo ni za ajabu, na mfano ninaoupenda ni Memphis. Msimu wa 2007/08 timu yao ya kikapu ilishinda mechi 38. Ilipoteza mbili tu: moja nyumbani dhidi ya Tennessee mwezi Februari, na ya pili ni fainali yenyewe, 75 kwa 68 dhidi ya Kansas, baada ya muda wa nyongeza. Baadaye mtihani wa kuingilia chuo wa mchezaji mmoja ukakataliwa. Ushindi wote 38 ukatenguliwa. Vipigo vya msimu wa kawaida havitenguliwi, kwa hiyo cha Tennessee kikabaki. Ila mechi za mashindano ya mwisho ya NCAA zinaondolewa zote, za kushinda na ya kufungwa, kwa hiyo fainali nayo ikaondoka. Leo kwenye vitabu Memphis ya mwaka ule imeshinda 0 na kupoteza 1. Timu iliyokuwa dakika chache kutoka kwenye kombe imeandikwa kama timu iliyofika uwanjani mara moja, ikachapwa, ikarudi nyumbani. Kansas wana kombe lao la halali walilolipata kwa kumfunga mtu ambaye kwa maandishi hakuwepo. Kocha wa Memphis alikuwa John Calipari, ambaye safari yake ya nusu fainali ya 1996 na Massachusetts ilitenguliwa vilevile. Mara zote mbili yeye mwenyewe hakukutwa na kosa.

Kuna kisa kimoja ambacho hata mfano wangu wa udhu haukiwezi, nacho ni Penn State. Julai 2012 NCAA ilikitoza chuo kile dola milioni 60 na kutengua ushindi 112 wa timu yake ya mpira wa Kimarekani, kuanzia 1998 hadi 2011. Sababu haikuwa mamluki. Jerry Sandusky, aliyekuwa kocha msaidizi, aliwadhulumu watoto kingono kwa miaka mingi, na wakubwa wa chuo walilaumiwa kwa kulifumbia macho. Katika 112 hizo, 111 zilikuwa za kocha mkuu Joe Paterno, aliyefariki Januari mwaka ule ule akiwa na ushindi 409, mwingi kuliko wa kocha mwingine yeyote katika daraja lake. Kwa kalamu moja akashuka mpaka 298. Kiti cha juu katika daraja hilo kikabaki na Bobby Bowden wa Florida State mwenye 377, na Bowden naye angekuwa na 389 kama 12 zake zisingetenguliwa kwa udanganyifu wa wanafunzi kwenye masomo. Yaani aliyepanda alipanda akiwa na shimo lake mfukoni.

Mimi naona pale walichukua chombo cha kazi moja wakakitumia kwa kazi nyingine. Vijana waliocheza miaka ile walikuwa na udhu wao. Na jambo walilotendewa wale watoto ni zito mno kulipiwa kwa kupunguza namba za mpira. Januari 2015, baada ya kesi na mapatano, ushindi wote 112 ulirudishwa, ukawa utenguzi uliotenguliwa. Kawaida adhabu hii hufuata mchezaji asiyestahili. Ndiyo sababu Agosti 2025, Michigan ya mpira wa Kimarekani ilipoadhibiwa kwa kupeleleza ishara za wapinzani, ilitozwa faini nene lakini ubingwa wake wa msimu wa 2023 ukaachwa palepale.

Turudi kwa Louisville, maana ndiyo iliyonichokoza. Kosa lao lilikuwa kwamba mfanyakazi wa timu aliwapangia wachezaji, na vijana waliokuwa wakishawishiwa wajiunge na timu, wanawake wa kuwachezea dansi na kulala nao bwenini. Februari 2018 rufaa yao ilikataliwa, ushindi 123 ukatenguliwa, na bendera ya ubingwa wa 2013 ikashushwa ukumbini. Kwenye orodha ya mabingwa mwaka ule umebaki na pengo. Lakini mtu aliyeangalia mechi yao na Duke, hatua moja kabla ya nusu fainali, anakumbuka Kevin Ware akiruka kuzuia mpira, akatua vibaya, na mfupa wa mguu ukatoka nje ya ngozi mbele ya benchi lake. Wenzake walianguka chini wakalia. Walishinda 85 kwa 63, na mechi hiyo nayo imetenguliwa. Mguu ulivunjika kwenye mechi ambayo chuo chake hakiruhusiwi kusema kiliishinda.

Duke hawakupewa chochote. Michigan hawakupewa chochote. Na inachekesha kidogo kwamba mtangazaji aliwachagua Michigan, maana wao wanalijua pengo hilo kwa ndani. Fainali zao mbili za kikapu, 1992 na 1993, walipokuwa na wale vijana watano waliovaa kaptula pana, zote walifungwa, ya kwanza na Duke, ya pili na North Carolina. Baadaye ikaonekana mfadhili mmoja alikuwa akimpa fedha Chris Webber, aliyekuwa mmoja wa watano hao. Mwaka 2002 chuo chenyewe kikazishusha bendera za misimu ile miwili, na zikaishia kwenye hifadhi ya nyaraka ya chuo.

Kwa hiyo, ndugu mtangazaji, kipindi chako ni kizuri na nitaendelea kukisikiliza kila nikinyolewa. Ukilirudia jambo hili, sema ubingwa wa Louisville ulitenguliwa, halafu weka nukta. Yule kijana wa kwenye benchi akikuuliza nani alikabidhiwa, mwambie hakuna, na kwamba Michigan walifungwa 82 kwa 76, na mpaka leo wamefungwa 82 kwa 76.