Kumsaidia mtu kuacha tumbaku: yanayosemwa na yaliyo kweli

Nyumba nyingi za kwetu zina mtu mmoja ambaye wote wanatamani aache tumbaku: baba anayejificha uani na sigara yake, bibi mwenye kijaluba cha tambuu, kaka aliyejifunzia ugoro gereji. Wanampenda, na kila mmoja ana la kumwambia. Bahati mbaya mengi wanayomwambia si kweli, na siku anapojaribu kuacha, ndiyo hayo hayo yanayomrudisha nyuma.

"Angekuwa na nia, angeshaacha"

Kauli hii inaumiza kuliko zote, kwa sababu mraibu mwenyewe huiamini. Mtu akivuta sigara, nikotini hufika kwenye ubongo ndani ya sekunde 10 hadi 20. Ubongo uliozoeshwa hivyo mara kadhaa kwa siku, mwaka baada ya mwaka, hauachi kudai eti kwa sababu mwenyewe kaamua jana usiku. Isitoshe, nusu ya nikotini huondoka mwilini kila baada ya saa 2 hivi, kwa hiyo mtu huamka asubuhi akiwa karibu hana nikotini mwilini. Sigara ya kwanza ya siku ndiyo inayowashinda wengi.

Akiacha kabisa, arosto huwa kali zaidi siku 2 au 3 za mwanzo: hasira za bure, usingizi kukatika, kushindwa kutulia, njaa isiyoisha. Kwa walio wengi hali hiyo hupungua ndani ya wiki 2 hadi 4. Shirika la Afya Duniani, WHO, linasema kwamba katika majaribio 100 ya kuacha bila msaada wowote, takriban 4 tu ndiyo hufaulu. Nia lazima iwepo, lakini peke yake haitoshi, na hapo ndipo ndugu na marafiki wanapohitajika.

Wapo wanaojibu: "Mbona Ramadhani anafunga kutwa?" Ni kweli anafunga, huku akijua saa atakayoipata sigara yake; adhana ya magharibi ikilia, wapo wanaotanguliza sigara kabla ya uji. Hata hivyo naiona Ramadhani kuwa nafasi nzuri sana. Mwili umeshakaa saa nyingi bila tumbaku, na ratiba yote ya siku imebadilika. Kinachobaki ni kushikana mkono saa zile kati ya futari na daku, badala ya kumwacha akae kijiweni peke yake na wavutaji wenzake.

Hamu ikimpanda haidumu saa nzima. Hudumu dakika chache, kisha hushuka, hata asipovuta. Kazi ya anayesaidia ni kuzijaza dakika hizo. Mjomba amemaliza kula na mkono umeanza kupapasa mfuko wa shati. Ukimwambia "Mjomba, si uliahidi?" umemwongezea mzigo. Mwambie "Mjomba, twende tukanyooshe miguu mara moja," na mkirudi hamu imeshapita.

Jambo jingine watu wengi hawalijui: moshi wa sigara hulifanya ini livunje kafeini upesi. Mvutaji akiacha, vikombe vile vile vya kahawa alivyozoea hukaa mwilini muda mrefu zaidi, na moyo unamwenda mbio, usingizi unapaa. Yeye anadhani tumbaku ndiyo inayomwita, kumbe ni kahawa. Wiki za mwanzo apunguze vikombe kwa nusu. (Hili linatokana na moshi, kwa hiyo anayetafuna tu halimhusu.)

"Ugoro na tambuu havina moshi, kwa hiyo havina neno"

Chokaa kwenye tambuu na magadi kwenye ugoro havikuwekwa kwa ajili ya ladha tu. Vinapunguza asidi na kuifanya nikotini ipenye haraka kwenye ngozi laini ya ndani ya mdomo. Mtu anayelalamika kuwa ugoro usio na magadi "hauna nguvu" anaeleza jambo hilo hilo kwa maneno yake. Uraibu wa kutafuna au kubwia ni uraibu kamili, na arosto yake ni arosto kweli.

Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani limeiweka tumbaku isiyo na moshi katika kundi la kwanza la vinavyosababisha saratani kwa binadamu: ya mdomo, ya umio, ya kongosho. Na popoo yenyewe, hata bila kuchanganywa na tumbaku, imo katika kundi hilo. Kwa hiyo bibi akitoa tumbaku akabaki na popoo na chokaa, amepiga hatua lakini safari haijaisha.

Mdomo wa mtafunaji umezoea kuwa na kitu. Usimwachie pengo, mpe iliki, mbegu za maboga, vipande vya karoti. Kijaluba kitoke nyumbani, na wageni waambiwe wasimletee. Sinia la tambuu likizunguka arusini, akae na mtu atakayelipitisha bila kulisimamisha mbele yake. Tena mtazameni mdomoni, hasa pale anapozoea kubana tumbaku: doa jeupe lisilofutika au kidonda kisichopona zaidi ya wiki 2 kionwe na daktari wa meno, hata kama hakiumi. Wengine hutumia tumbaku kutuliza jino bovu. Jino litibiwe kwanza, la sivyo mnamnyang'anya dawa yake ya maumivu bila kumpa nyingine.

"Apunguze tu, moja baada ya chakula haina shida"

Uchambuzi wa tafiti nyingi uliochapishwa mwaka 2018 ulionyesha kwamba anayevuta sigara 1 kwa siku hubeba karibu nusu ya hatari ya ziada ya ugonjwa wa moyo aliyonayo anayevuta 20. Kupunguza kunafaa kama ngazi ya kufikia siku ya kuacha iliyokwishapangwa. Kuhamia shisha hakufai hata kama ngazi: maji hayachuji sumu, na WHO inakadiria kwamba kikao cha saa 1 humwingizia mtu moshi mara 100 hadi 200 ya ujazo wa moshi wa sigara moja.

"Mzee keshachelewa, mwacheni"

Hapana. Mtafiti wa Uingereza Richard Doll na wenzake waliwafuatilia madaktari wa Uingereza kuanzia mwaka 1951 kwa nusu karne. Walichogundua ni kwamba mvutaji akiacha akiwa na miaka 60 hupata takriban miaka 3 ya ziada ya kuishi; akiwa na 50, miaka 6; 40, miaka 9; na 30, miaka 10. Miaka mitatu na wajukuu si kidogo.

"Dawa za nikotini ni kubadilisha uraibu mmoja kwa mwingine"

Kinachoua mvutaji hasa ni moshi na sumu zilizomo. Chingamu au plasta ya nikotini humpa kiasi kidogo, taratibu, bila moshi, kisha kinapunguzwa mpaka kuisha. WHO iliziingiza katika orodha ya dawa muhimu mwaka 2009, na mwongozo wake wa mwaka 2024 unazipendekeza pia kwa wanaotafuna, sambamba na vidonge vya varenicline, dawa isiyo na nikotini inayopunguza hamu. Hazipatikani kila duka la dawa, na bei si ya kila mfuko, lakini ndugu wakichangiana wanaweza kumsaidia mtu wao. Mjamzito au mgonjwa wa moyo aanze kwa daktari.

Wengi huikataa chingamu kwa sababu waliitafuna kama bazoka, nikotini ikashuka na mate, tumbo likachafuka. Inatafunwa polepole mpaka ladha iwashe, kisha inabanwa kati ya fizi na shavu. Ikipoa, inatafunwa tena. Na asinywe kahawa wala soda dakika 15 kabla.

"Mwaibisheni, ataacha"

Atahamia chooni. Mtu anayesimangwa mbele ya watoto haachi, anajificha, na aliyejificha huwezi kumsaidia.

"Kaanza tena, huyo basi"

Wengi walioacha kabisa walijaribu zaidi ya mara moja. Sigara moja msibani haifuti wiki alizokaa bila kuvuta, ila maneno ya nyumbani yanaweza kuzifuta. Muulize kwa upole: ilikuwa saa ngapi, ulikuwa na nani, mlikuwa mmetoka kufanya nini? Mara nyingi jibu ni dogo na linatibika: Ijumaa jioni, kijiweni, rafiki alikuwa na pakiti. Basi Ijumaa ijayo awe mahali pengine, na rafiki huyo aombwe mapema asimpe hata akimlilia.