Dairekta kiraka ni nani? Mcheki Lewis Gilbert

Kwenye mpira kiraka anajulikana. Ni yule mchezaji ambaye beki wa kulia akiumia anaingia yeye, namba sita ana kadi anaingia yeye, sentahafu hayupo yeye tena, ukibisha kawaulize mashabiki wa Simba kuhusu Erasto Nyoni. Sasa kwenye sinema nako wapo. Dairekta kiraka, kama ninavyomwita mimi, leo anapewa muvi ya vita, kesho ya mapenzi, keshokutwa ya kijasusi, na zote zinatoka vizuri tu.

Uingereza baada ya vita kuu ya pili walikuwa wengi. Studio zilikuwa zinatoa muvi mfululizo, halafu kulikuwa na sheria ya kuzibana kumbi zionyeshe kiasi fulani cha muvi za Uingereza badala ya kujaza za Marekani tu, kwa hiyo dairekta alikuwa kama fundi, kazi ikija unashika.

Mfano wangu ni Lewis Gilbert, mtoto wa London, kazaliwa 1920, akaanza kuigiza akiwa bado mdogo kabisa, vita ikaja akawa kwenye jeshi la anga anatengeneza filamu za jeshi. 1956 katoa Reach for the Sky, ya rubani Douglas Bader aliyekatwa miguu yote miwili na bado akarudi kupigana angani. 1960 manowari, Sink the Bismarck!. 1966 Alfie, halafu mwaka uliofuata tu huyooo kwa James Bond na You Only Live Twice, na akarudi tena kwa Bond 1977 na 1979. (Hizo Bond zake tatu ukizikalia vizuri stori ni moja, kuna chombo kimeibwa, mara cha anga mara nyambizi, na steringi anatumwa kukifuata.)

Tatizo la viraka ni sifa. Miaka ya 50 wakosoaji wa Ufaransa walileta hoja kwamba dairekta ni kama mwandishi wa kitabu, yaani ukiangalia kipande tu unajua hii ya fulani. Kwa kipimo hicho kiraka anafeli, maana yeye anajibadilisha kufuata stori.

Ila mimi kwa Gilbert nabisha kidogo. Cheki Alfie inavyoanza: usiku, gari limepaki, vioo vimejaa mvuke, Michael Caine anashuka, anarekebisha nguo zake, halafu anageukia kamera na kuanza kukupigia stori wewe mtazamaji kama mko kijiweni. Na muvi nzima anaenda hivyohivyo, hata akiwa na mwanamke pembeni anakugeukia anakunong'oneza. Mchezo huo ulitoka kwenye tamthilia ya jukwaani iliyozaa muvi hiyo, lakini mwenye kuuweza kwenye kamera ni Gilbert.

Sasa ruka mpaka 1989, Shirley Valentine, muvi yake nyingine, Pauline Collins yuko jikoni kwake Liverpool anaongea na ukuta. Ukuta kabisa! Anauelezea ndoa yake ilivyopoa huku anaandaa chipsi na yai pembeni (siyo zege), na mara anakugeukia na wewe. Mume anarudi, alitegemea nyama kama kawaida ya siku hiyo, anaona sahani, anaisukumia mapajani kwa mkewe. Baadaye mama wa watu anapanda ndege kwenda Ugiriki, na huko anakuta jiwe la kuongea nalo.