Je, wajua kwa nini gemu ya kukamata viumbe haikosi panya?

Shabiki akiamua kutengeneza gemu yake mwenyewe ya kukamata viumbe, kwa mapenzi tu na bila malipo, mara nyingi huanza na joka. Kisha joka la pili, la barafu. Kisha simba mwenye mabawa ya moto. Miezi inapita, daftari limejaa wababe watupu, na siku anapoiwasha gemu ili atembee kutoka kijiji cha kwanza hadi cha pili, anakuta kwenye nyasi za njiani hana wa kumweka.

Ukicheza gemu za mashabiki zilizofika mwisho, zile zilizojengwa kwa kufuata Pokémon, gemu maarufu ya Japani ya kukamata viumbe, mwanzoni utakutana na kijinyama cha kawaida kabisa: panya, kindi, ndege mdogo wa kahawia. Wengi huwaona kama wa kujazia. Kujazia wanajazia kweli, lakini hiyo ndiyo kazi ngumu.

Jibu limo kwenye jedwali ambalo mchezaji halioni. Katika Pokémon Red na Green, zilizotoka Japani tarehe 27 Februari 1996, kila eneo lenye viumbe wa porini lina nafasi kumi. Ukitembea kwenye nyasi na kiumbe akapangiwa kutokea, gemu huchomoa namba kati ya 0 na 255, na namba hiyo ndiyo inayoamua ni nafasi ipi. Nafasi ya kwanza imepewa namba 51, na ya pili vilevile, kwa hiyo kila moja ina karibu asilimia 20. Ya kumi imepewa namba 3 tu, asilimia moja na ushee. Zote kumi lazima zijazwe. Sasa mbunifu ajiulize: ni nani wa kumweka kwenye hizo mbili za kwanza, ambaye mchezaji atakutana naye mara nne katika kila kumi, leo na kesho, na asiharibu safari? Kwenye njia ya kwanza ya gemu ile, nafasi zote kumi wamegawana wawili tu: Pidgey, ndege, na Rattata, panya.

Ukimweka joka pale, umemgeuza joka kuwa panya. Ndiyo maana Dratini, joka changa, alifichwa ndani ya maji ya hifadhi ya Safari, porini hapatikani hadi uwe na ndoano bora, na bado hawi Dragonite, joka kamili, mpaka levo (ngazi ya ukuaji) 55.

Halafu huyo panya si mnyonge kama anavyodhaniwa. Kasi yake ya asili ni 72. Kati ya viumbe watatu wa kuanzia, Charmander ana 65, Bulbasaur 45, Squirtle 43. Panya anawapita wote! Akifika levo 14 anapata Hyper Fang, pigo kali kwa hatua ile, na levo 20 anageuka Raticate. Anakua upesi, anaishiwa upesi, na anapoanza kuachwa nyuma wewe tayari una wengine mkononi. Mimi ningempa aliyempangia Rattata namba zake sifa kuliko aliyembuni Mewtwo, mbabe anayepatikana mwisho kabisa wa gemu. Mbabe wa mwisho ukimzidishia nguvu kidogo, nani atalalamika?

Mahali pa kiumbe kwenye ramani pana uzito kuliko sura yake, na toleo la Yellow la 1998 linaonyesha hivyo vizuri. Humo huchagui wa kuanzia, unapewa Pikachu wa umeme. Kiongozi wa kwanza wa kupigana naye ni Brock, mwenye Geodude na Onix, viumbe wa mwamba na ardhi ambao umeme hauwaingii hata chembe. Mtoto aliyenunuliwa gemu hiyo angekwama saa ya kwanza. Watengenezaji hawakumbadilishia Brock viumbe wala kumwondoa Pikachu. Walimchukua Mankey, kima wa kupigana ambaye awali ulimkuta baada ya kumpita Brock, wakamleta Njia ya 22, pembeni tu ya mji wa Viridian, na kumfundisha teke la Low Kick levo 9. Mlango ukafunguka.

Mashabiki wamerithi hesabu hizi. Wengi hutumia RPG Maker XP, programu ya kutengenezea gemu, pamoja na Pokémon Essentials, kifurushi kinachoiongezea kanuni za Pokémon, na katika matoleo yake ya zamani jedwali la nyasi lina nafasi kumi na mbili: mbili za kwanza asilimia 20 kila moja, mbili za mwisho asilimia 1 kila moja. Pokémon Uranium, gemu ya mashabiki iliyotoka Agosti 2016 baada ya kazi ya miaka tisa hivi, ilibuni viumbe wapya zaidi ya 150. Ilipakuliwa zaidi ya mara milioni 1.5 kabla ya wenyewe kuondoa viungo vya kuipakulia mtandaoni, kufuatia barua za wanasheria wa Nintendo of America, tawi la Marekani la kampuni inayouza gemu za Pokémon. Watu huikumbuka kwa aina yake mpya ya nyuklia, inayoumiza karibu kila aina na kuumizwa na karibu kila aina. Kiumbe wa namna hiyo huwezi kumwaga kila kichaka. Pigano lingekuwa nani kawahi kupiga, basi. Na Uranium nayo ina kindege chake, Birbie, na kindi wake, Chyinmunk.

Hata wakongwe wa 1996 hawakuanza na panya. Ndani ya gemu ile, mbali na orodha anayoiona mchezaji, kuna hesabu nyingine ya siri yenye nafasi 190: viumbe 151, na mashimo 39 yasiyo na kiumbe. Namba 1 ni Rhydon, dude lenye pembe na ngozi kama ya kifaru, ambaye mchoraji Ken Sugimori amesema ndiye aliyechorwa wa kwanza. Rattata yuko namba 165.