Uchovu wa kidijitali: kwa nini miti hupumzisha akili kuliko video

Umakini wa binadamu ni wa aina mbili. Upo unaokuja wenyewe: ndege akiruka mbele yako, jicho linamfuata bila kuambiwa. Upo pia wa kukusudia, ule unaousomea mkataba huku kundi la WhatsApp la harusi likilia mfululizo. Mwanasaikolojia wa Marekani William James alizitenganisha aina hizi mwaka 1890.

Umakini wa kukusudia huchoka. Kila mara unapoizuia akili isikimbilie mlio au ujumbe mpya, unautumia. Ukiutumia kutwa nzima, jioni unasoma mstari mmoja mara tatu haukuingii, unafungua simu ukasahau ulichokifuata, unamkaripia mtoto kwa jambo dogo. Hicho ndicho kiini cha uchovu wa kidijitali. Macho kuwasha na kukauka ni tatizo jingine, linalotokana zaidi na kupepesa kope mara chache mbele ya kioo cha simu au kompyuta.

Wengi hapo hujitupa kitandani na kuanza kutazama video fupi. Mwili unapumzika, umakini haupumziki: kila baada ya sekunde chache kuna sauti mpya, sura mpya, na uamuzi wa kuendelea au kupitisha.

Rachel na Stephen Kaplan, mke na mume waliofundisha Chuo Kikuu cha Michigan, walieleza tofauti kati ya pumziko la aina hii na la miti katika nadharia yao ya urejeshaji wa umakini, iliyochapishwa kikamilifu mwaka 1989. Video ina mvuto mkali, inaikamata akili nzima. Majani yakitikisika au maji yakipwa yana mvuto mwororo: yanakushika kidogo tu, nafasi inabaki ya mawazo kutangatanga, na umakini wa kukusudia unakaa bila kazi. Mahali penyewe pakuondoe kwenye shughuli zako, pawe na upana wa kutosha kuizamisha akili, na pakubaliane na ulichokuja kufanya. Sharti hili la mwisho hupuuzwa mno. Msitu unaouhofia kwa sababu ya vibaka hautakupumzisha hata uwe mzuri kiasi gani, kwa kuwa kujihadhari nako ni kazi ya umakini.

Jaribio linalotajwa sana ni la mwaka 2008, mjini Ann Arbor, Michigan. Marc Berman na wenzake waliwachosha kwanza wanafunzi 38 kwa kazi ya akili, kisha wakawatembeza karibu saa moja, siku moja katika bustani ya miti, siku nyingine katikati ya mji. Kipimo kilikuwa kurudia tarakimu kinyumenyume: ukisikia 7-2-9-4, useme 4-9-2-7. Baada ya bustani matokeo yalipanda kwa takriban asilimia 20. Baada ya mji hayakupanda kwa kiasi cha maana. La kutilia maanani ni kwamba waliotembea kwenye baridi kali, wasioifurahia safari, walinufaika vilevile. Kwa hiyo usipime kwa raha uliyoipata.

Ukitaka kujaribu, tenga dakika 20 hadi 30. Nenda unapojisikia salama, iwe ufukweni asubuhi au chini ya miembe ya shule baada ya masomo. Simu iache nyumbani. Ukishindwa, izime kabisa na uiweke ndani kabisa ya mkoba, maana kuiweka kimya hakutoshi ikiwa mkono bado unaijua njia ya mfukoni. Usivae visikilizio. Tembea polepole au kaa, bila kujilazimisha kutafakari chochote. Dakika tano za kwanza huwa ngumu, mawazo ya kazi yanarudi, yaache yapite. Kosa kubwa ni kupiga picha za kutuma, kwa sababu hapo unarudi kuwazia watakaoziona.

Kwa wiki nzima, utafiti wa Uingereza wa mwaka 2019 uliohusisha karibu watu 20,000 ulikuta waliofikisha dakika 120 kwenye maeneo ya asili wakieleza afya na hali njema zaidi, iwe kwa mkupuo au kwa vipande. Ni uhusiano tu, hauthibitishi chanzo, lakini ni kiasi kinachowezekana.

Asiyeweza kutoka ofisini ageuze kiti kielekee dirisha lenye mti. Huko Melbourne, mwaka 2015, wanafunzi waliotazama picha ya paa lenye majani na maua kwa sekunde 40 katikati ya kazi walikosea mara chache kuliko waliotazama paa la zege.