"Nzuri, ila…": salamu ambayo wanaume wa mjini tumeikata

Ukiulizwa "Habari za nyumbani?" unajibu "Nzuri," hata kama jana ulikuwa msibani. Kisha unavuta pumzi na kuongeza: "ila mtoto anaumwa," au "ila kazini wametupunguza." Hicho kineno "ila" ndicho kinachobeba habari yenyewe. Wanaume wa mjini tumekitupa. "Mambo?" "Poa." Mara mazungumzo yamehamia Simba na Yanga.

Mimi ni mshauri wa afya ya akili, na matokeo yake nayasikia kliniki. Mtu amekaa kijiwe kimoja cha kahawa miaka minane, anajua kila mwenzake anashabikia timu gani, lakini alipoachishwa kazi hakuna aliyejua. Kila asubuhi anapiga pasi shati, anaaga nyumbani, anapanda daladala mpaka Posta na kukaa kwenye benchi hadi saa kumi. Jioni anapita kijiweni, anacheka na wenzake kama kawaida. Walionisimulia hivyo si mmoja wala wawili.

Watu wa kukaa nao anao. Hana wa kumwambia. Kumwuliza mwanaume mwenzako "siku hizi unalala vizuri?" kunaonekana kama kumchimba, na anayeulizwa anahofia kesho jibu lake litageuzwa utani. Tumelelewa kwa "jikaze, mwanaume halii." Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba watu zaidi ya 700,000 hufa kwa kujiua kila mwaka, wanaume wakiwa zaidi ya mara mbili ya wanawake. Sababu ni nyingi, lakini ukimya huu naukuta mara kwa mara.

Basi usimwitie kikao. Ukimkalisha uso kwa uso atajifunga. Wengi wetu tunaongea vizuri mikono ikiwa na shughuli: mnasukuma kete za drafti, mnabadilisha tairi, mnatembea kwenda kituoni. Hapo muulize mara ya pili: "Poa kweli? Mbona siku hizi umepooza?" Kisha nyamaza. Usimkatishe kwa utani, wala usimkimbilie na ushauri. Mwache aifikie "ila" yake.

Akisema amechoka kuishi, muulize waziwazi kama anafikiria kujiua. Swali hilo halimtii wazo kichwani. Wengi huona nafuu kwamba hatimaye kuna aliyeuliza. Akikubali, usimwache peke yake. Mpeleke hospitali siku hiyohiyo, ukae naye pale kwenye benchi mpaka jina lake liitwe.