Mlevi wa filamu bubu hakuwa amelewa

Wapo wanaoamini kwamba Charlie Chaplin alikunywa kweli kabla ya kuigiza mlevi katika "The Cure" ya mwaka 1917. Hapana. Ulevi ule aliufanyia kazi jukwaani Uingereza, katika kundi la vichekesho la Fred Karno, kabla hajaingia kwenye filamu.

Siri yake ni kinyume cha anachofanya mwigizaji mchanga. Huyu huyumba makusudi, na kichekesho hufa palepale. Mlevi wa Chaplin hujitahidi aonekane mzima: anatembea kwa heshima zote, kisha mlango wa kuzunguka unamtapika alikotoka. Ukiyumba tangu mwanzo, huna tena heshima ya kupoteza.

Hadithi yenyewe ni hii: bwana anakwenda kwenye chemchemi ya tiba ili aache pombe, lakini sanduku lake limejaa chupa. Mwenye hoteli anaamuru zitupwe. Mtumishi, naye kalewa, anazirusha dirishani, zinatua kwenye kisima cha maji ya tiba. Binti anayempenda (Edna Purviance) anamsihi anywe maji ya tiba. Anamtii, na utiifu huo ndio unaomlewesha! Mtego huu hufanya kazi kwa sababu mtazamaji anajua kilichomo kisimani, wahusika hao wawili hawajui.

Vipande vilivyobaki vya upigaji picha vinamwonyesha akirudia na kubadilisha. Mwanzoni hata hakuwa mlevi, alikuwa mhudumu wa hoteli anayeongoza msongamano wa viti vya magurudumu. Kupanga upya hivyo kunahitaji kichwa kilichotulia.